Nailoni na "Mifuko ya Nailoni"

Kariakoo tulizoea kuita mfuko wowote laini "nailoni". Kumbe mifuko ile, iliyopigwa marufuku nchini Juni 1, 2019, ilikuwa ya polithini. Nailoni halisi ni ya mishipi ya kuvulia na nyuzi za mswaki. Wallace Carothers aliitengeneza Marekani mwaka 1935. Kemikali mbili, asidi na amini, kila moja yenye ncha mbili za kushikia, huungana kuwa mnyororo mrefu. Kila zinaposhikana, maji hutoka.

Polithini na nailoni haziozi upesi. Zikitupwa ovyo huziba mitaro ya Jangwani, bonde lililofurika vibaya Desemba 2011. Tusizichome pia: moshi wa nailoni una sumu. Tuzikusanye kabla ya masika.