HMF: herufi tatu zinazokula bei ya asali yako

Vijana wa Sikonge na Urambo, mkipokea majibu ya maabara angalieni mstari wa HMF. Kirefu chake ni haidroksimethilifurfurali. Jina lisikutishe: "furfur" ni Kilatini, maana yake pumba, kwa kuwa ndugu yake furfurali hutengenezwa kwa pumba na asidi. Hii ya kwenye asali haina pumba. Ni sukari, hasa fruktosi, iliyopoteza maji ndani ya asidi ya asali yenyewe, na joto ndilo linaloiharakisha.

Asali inayotoka tu mzingani ina HMF kidogo sana. Codex inaruhusu miligramu 40 kwa kilo, ila ya nchi za joto kama yetu hadi 80. Sasa wewe ichemshe ili ichujike haraka, au acha ndoo chini ya bati Oktoba hii ya Tabora, uone! Kuchuja hakuiondoi. Mnunuzi akiona namba kubwa anahisi umechemsha, asali ni ya zamani, au umetia shira.

Imeganda? Weka ndoo kwenye maji ya uvuguvugu, ambayo mkono unayavumilia. Kivuli kipo: miembe ya njia ya misafara ya Ujiji haikupandwa kwa maembe tu, bwana. Na kabla hujasaini mkataba, muulize mnunuzi anatumia kikomo kipi, 40 au 80.