Laini Yako Ni ya Nani? Kutoka Simu ya Kibanda Hadi Bonasi ya Chai

Hebu jiulize swali moja kabla hujaendelea kusoma: hiyo laini iliyo kwa simu yako imesajiliwa kwa jina la nani? Nambari tunajua ni yako. Tunauliza ni kitambulisho cha nani kilichoandikwa siku laini ilipopelekwa kusajiliwa.

Uliza swali hili Daraja Mbili mjini Kisii siku ya soko, au Keroka, pale kaunti za Kisii na Nyamira zinapokutana, na majibu hayatakuwa mamoja. Kuna mama atakayekwambia laini ni ya kijana wake wa Nairobi. Kuna mwanafunzi anayetumia ya shangazi. Kuna mjane ambaye laini yake bado ina jina la marehemu mzee.

Kwa miaka mingi jambo hili halikumsumbua mtu. Laini ilikuwa ya kusalimiana tu. Lakini laini imekua, na sisi bado tunaishi nayo kama zamani. Tuangalie tulikotoka, halafu tuone cha kufanya.

Wakati simu ilikuwa ya foleni

Hadi mwaka 1999, simu na posta zote zilikuwa chini ya shirika moja la serikali, KPTC. Kwa mtu wa kawaida, kupiga simu kulimaanisha kwenda kwa kibanda, kupanga foleni na kushika sarafu mkononi. Wengi wa rika langu tumesikia hadithi za hivyo vibanda, hatukuvitumia.

Kutuma pesa nyumbani nako kulikuwa safari. Kulikuwa na hawala ya Posta, ambayo mzee alilazimika kuifuata mjini. Ama uliweka noti kwa bahasha, ukaandika jina, ukampa kondakta wa basi la usiku na kumwomba Mungu. Bahasha ikipotea, hakuna wa kumuuliza.

Mwaka 1999 KPTC iligawanywa: Telkom Kenya ikachukua simu, Posta ikabaki na barua, na tume ya CCK ikawa msimamizi wa sekta. Siku hizo wateja wa simu za mkononi hawakufika 50,000 nchi nzima.

Halafu kila boma likapata laini

Mwaka 2000 mambo yalibadilika. Vodafone ya Uingereza iliingia Safaricom kwa hisa za asilimia 40, na mshindani, Kencell, akaingia sokoni. Huyu Kencell ndiye aliyekuja kuitwa Celtel, kisha Zain, na tangu 2010 tunamjua kama Airtel. Wawili hawa wakashindana, bei zikashuka, kadi za kukwaruza zikawa za pesa kidogo kidogo. Tukajifunza kuflash. Milingoti ikapandwa juu ya vilima, na aliyeishi bondeni akajua ni mgomba upi wa kusimama chini yake ndipo apate netiweki.

Leo laini nchini zimezidi milioni 60, ilhali sensa ya 2019 ilihesabu Wakenya milioni 47.6. Kisii walikuwa 1,266,860 na Nyamira 605,576. Maana yake ni kwamba wengi wetu tuna laini zaidi ya moja.

Sasa sikiliza vizuri, kwa sababu hapa ndipo fundo lilipofungwa. Miaka ile ya kwanza laini iliuzwa kama sukari. Unalipa, unaenda. Baadaye serikali ikaagiza kila laini isajiliwe, na mwisho wa 2012 zile ambazo hazijasajiliwa zikazimwa. Watu wakakimbia dukani. Aliyekuwa na kitambulisho karibu akasajili yake, ya mama, ya ndugu mdogo na ya mfanyakazi wa nyumbani. Ilikuwa msaada, na hakuna aliyedhani kuna ubaya.

Laini ikabeba pesa

Tarehe 6 Machi 2007 Safaricom ilizindua M-Pesa. Kazi yake ilikuwa rahisi kueleza: tuma pesa nyumbani. Bahasha ya kondakta ikaanza kusahaulika.

Lakini haikuishia hapo. Novemba 2012 ikaja M-Shwari, ukaweza kuweka akiba na kukopa kwa hiyo hiyo laini. Mwaka 2018 mitandao ikaanza kutumiana pesa moja kwa moja. Januari 2019 ikaja Fuliza. Wakati wa korona, Machi 2020, kiwango cha juu cha pesa ambacho mtu anaweza kuweka kwa akaunti ya simu kilipanda hadi shilingi 300,000. Mwaka 2023 kikafika 500,000.

Nusu milioni, ndani ya kile kipande cha plastiki kidogo kuliko ukucha wa kidole gumba.

Kwa mkulima wa chai hii si hesabu ya mbali. Karibu na Oktoba kila mwaka, wakulima wanaopeleka majani viwanda kama Kebirigo na Sanganyi kule Nyamira, au Nyamache na Kiamokama kule Kisii, husubiri bonasi. Hata ikiingilia benki au Sacco, sehemu yake kubwa haikai huko. Inavutwa kwa simu: karo, mbolea, deni la dukani, mchango wa chama, fundi wa mabati. Jasho la mwaka mzima linapita kwa laini moja.

Na kama laini hiyo ina jina la mtu mwingine?

Mahali fundo linapouma

Chukua mfano wa mama anayechuma chai, laini yake imesajiliwa na kijana aliye kazini Qatar. Simu inaibwa sokoni wiki ya bonasi. Anaenda dukani kurudisha laini, anaulizwa kitambulisho, na jina halilingani. Nambari ni yake, pesa ni zake, lakini kwa kompyuta mteja ni kijana. Mama anarudi nyumbani mikono mitupu, hadi kijana apatikane.

Ubaya wa pili unampata aliyesajili. Mikopo ya simu hufuata kitambulisho. Ukimsajilia rafiki laini na akakopa bila kulipa, jina linaloandikwa kwa CRB ni lako. Akitumia laini hiyo kutapeli watu, polisi wataanza na mlango wako.

Mwanafunzi naye anagonga ukuta mapema. HELB inataka nambari ya simu iliyosajiliwa kwa kitambulisho cha mwombaji mwenyewe. Kijana aliyepata laini akiwa kidato cha pili kwa jina la shangazi anagundua hilo siku ya kujaza fomu, wenzake tayari wametuma.

Lakini fundo gumu kuliko yote ni la msiba. Mwenye jina akifariki, pesa zilizo kwa laini huhesabiwa kuwa mali ya marehemu. Familia hudai kwa cheti cha kifo na stakabadhi za urithi. Sasa fikiria yule mama tena. Kijana wake akifariki, akiba ya mama iliyo kwa laini ya mama itaonekana kama mali ya kijana. Atamlilia mwanawe, na bado atalazimika kuthibitisha kuwa pesa zake ni zake. Zikikosa wa kuzidai kwa muda mrefu, hupelekwa kwa UFAA, mamlaka inayotunza mali zisizo na wenyewe.

Fungua fundo mapema

Habari njema ni kwamba kazi hii inaweza kumalizwa kwa safari moja ya dukani. Fuata hatua hizi:

1. Piga \*106#. Ni bure, na utaona laini zilizosajiliwa kwa kitambulisho chako. Ukiona nambari usiyoijua, iripoti kwa kampuni ya simu husika iondolewe.

2. Hamisha umiliki. Mwenye jina na mtumiaji waende pamoja duka rasmi la kampuni ya simu, kila mmoja na kitambulisho chake halisi. Nambari inabaki ile ile. Kinachobadilika ni jina.

3. Safisha kwanza. Kabla ya kuhamisha, lipa Fuliza na mikopo, toa salio na akiba, ili pesa zisikwame katikati.

4. Badilisha PIN. Laini ikishakuwa yako, weka nambari ya siri mpya. Kama mzazi hasomi vizuri, mfundishe kubonyeza tarakimu zake mwenyewe, polepole, hadi azoee. Ajenti si mtu wa kuambiwa PIN, hata kama ni jirani wa miaka mingi.

5. Soma jina kabla ya kuthibitisha. Jina likitokea, lisome. Ukikosea kwa M-Pesa, tuma ule ujumbe wa muamala kwa 456 mara moja, kabla pesa hazijatolewa.

6. Msimu wa bonasi, kuwa macho. Anayekupigia akisema yeye ni wa benki, wa kiwanda au wa kampuni ya simu, halafu akuombe PIN, ni mwizi. Kata simu. Hakuna mfanyakazi wa kweli anayehitaji PIN yako.

Kwa wale mlio Nairobi, Nakuru au Mombasa: mkienda nyumbani, zungumzeni na wazazi mapema. Wengine wataona aibu, au watadhani unataka kujua wana pesa ngapi. Waeleze kwa heshima. "Mama, hii laini nilikununulia mimi, lakini kwa karatasi bado ni yangu. Twende tuiandike jina lako." Wengi watakubali, kwa sababu kila mkulima Gusii anajua maana ya hatimiliki ya shamba. Hauwezi kulima miaka ishirini kwa ardhi yenye jina la mtu mwingine ukalala usingizi.

Laini siku hizi ni shamba. Hakikisha hati ina jina lako.