Piloti akisema «leo hatuende», mutazame mawingu

Ku mina nyingi za Maniema na za Kivu ya Kusini, barabara haiko, ao iko lakini mvua imeikula. Mutu mwenye haraka ya kutoka Shabunda ao Punia anatafuta ndeke. Ndeke njo inaleta muchele, chumvi, dawa na mafuta ya mashini. Njo inabeba kasiterite, wagonjwa na watoto wanaorudi ku masomo. Basi kila jamaa ya wachimbaji inajua ile saa ya kungojea kando ya pisti. Mizigo imepimwa, makuta yamelipwa, jua linawaka juu ya kichwa. Mara piloti anashuka mu ndeke na kusema: «Leo hatuende. Meteo ni mubaya.»

Pale makelele inaanza. «Mvua iko wapi? Huyu anaogopa tu!» Mwenye mizigo anapigia patron simu. Mwingine anatia mukono mu mufuko, anatoa noti, anaomba piloti ajaribu kidogo.

Ni kwa ajili ya ile saa tunaandika habari hii. Mawingu yana namna yake ya kusomwa. Mutu wa chini, hata asipokuwa na mashini yoyote, anaweza kuyasoma na kuokoa watu wenye kuwa juu. Lakini akisema uongo, hata kwa roho nzuri, anaweza kuwaua.

Inchi yetu ni inchi ya radi

Kwanza tujue tunaishi wapi. Kutoka mwaka 1998 mupaka 2013, satelite moja ilihesabu radi za inchi zote za joto. Wenye elimu walitangaza hesabu mu mwaka 2016. Mu Afrika yote, pahali pa kwanza ni Kabare, karibu na Bukavu: mara 205 kwa mwaka mu kila kilometa moja ya muraba. Mu dunia nzima, ni ziwa Maracaibo tu la Venezuela lenye kuipita. Na ya pili mu Afrika ni Kampene, kule Maniema, zaidi ya mara 176. Sake nayo iko mu majina ya kwanza.

Kumbuka kwamba uwanja wa ndege wa Kavumu uko ndani ya teritware ya Kabare. Na Kampene ni inchi ya wachimbaji. Ni kusema, ndeke zetu zinaruka mu pahali penye radi nyingi kupita karibu dunia yote.

Sababu si ya uchawi. Pori inatoa umande mwingi, maziwa pia. Jua la asubui linapasha udongo moto, ile hewa yenye maji inapanda, milima ya Mitumba inaisukuma juu zaidi. Nyuma ya saa sita ya muchana mawingu yanaiva. Njo maana marubani wanapenda kuruka asubui. Lakini asubui nayo iko na shida yake: ukungu unalala mu mabonde ya mito, na pisti haionekane mupaka jua liupashe moto. Kati ya ukungu wa asubui na radi ya kisha saa sita, nafasi ya kuruka ni ndogo. Ikipita, imepita.

Wingu yenye piloti anaogopa

Si kila wingu ni mubaya. Mawingu membamba ya juu sana, sawa manyoya ya kuku, hayasumbue ndeke ndogo. Mawingu meupe madogo, yenye tumbo la kunyooka, yanatikisa kidogo tu. Lakini moja kati yao ikianza kupanda, ikivimba sawa shufleri, ikipita wenzake, inapashwa kutazamwa kila mara. Ikiendelea, kichwa chake kinafika kule juu penye hewa haiiachie tena njia. Kinapanuka na kulala sawa uyoga, na tumbo lake linakuwa jeusi. Hii njo kumulonimbusi. Marubani wanaiandika CB, wanaitamka «sebe».

Ku inchi za joto sebe inaweza kupita kilometa 15 kwa urefu. Ndeke zenye kwenda mina, sawa Let 410 ao Antonov 28, hazikutengenezwa kwa kuruka kule juu. Haziwezi kupita juu yake. Ndani yake hewa inapanda na kushuka kwa nguvu, maji ya baridi sana yanageuka barafu ku mabawa, mvua ya mawe inapiga vioo. Piloti mwenye rada ya mvua anaitumia kwa kuizunguka ile wingu, si kwa kuipasua.

Na hatari haiko ndani peke yake. Mvua ikianguka kutoka sebe, inavuta chini hewa ya baridi. Ile hewa inapiga udongo na kutawanyika kila upande, sawa maji ya ndoo yenye kumwangwa ku simenti. Ndeke yenye kushuka inakutana kwanza na upepo wa mbele: inaonekana sawa imepata nguvu. Kisha kidogo, hewa inaisukuma chini. Kisha tena upepo unatoka nyuma na mabawa yanapoteza nguvu. Yote hii inapita mu sekunde chache, karibu kabisa na udongo, na piloti hana tena nafasi ya kujiponyesha.

Tarehe 4 Aprili 2011, ndeke ya Umoja wa Mataifa yenye kutoka Kisangani ilianguka ku Ndjili, Kinshasa, mu mvua na upepo mukali, wakati marubani walikuwa wanaacha kushuka ili wapande tena. Ndani mulikuwa watu 33. Mumoja tu aliokoka. Tarehe 8 Julai ya mwaka ule ule, Boeing 727 ilianguka karibu na pisti ya Bangoka, Kisangani, ilipotaka kushuka mu mvua kali. Watu zaidi ya 70 walikufa. Na mbele ya ile, tarehe 1 Septemba 2008, ndeke ndogo ya kazi ya misaada ilipiga mulima karibu na Kavumu, hali ya hewa ikiwa mubaya. Walikuwa 17, wote walikufa.

Mbili za kwanza zilikuwa ndeke kubwa za mashini ya nguvu, zenye kushuka ku viwanja vya lami. Sasa ufikiri ndeke ya watu 17 ku pisti ya udongo mu kati ya pori.

Mutu mwenye kazi ya kutazama juu

Ku viwanja vikubwa, kuna watu wenye kazi yao ni kutazama anga. Serkali iko na Mettelsat, ajensi ya taifa ya meteo, na RVA yenye kuongoza ndeke. Kila saa, ao kila nusu saa, mutazamaji anaandika habari fupi yenye kuitwa METAR. Mambo yakibadilika kwa ghafula, anatuma ingine bila kungojea.

Anagawanya anga yote kwa sehemu 8, kisha anahesabu ngapi zimefunikwa. Moja ao mbili, anaandika FEW; 3 ao 4, SCT; kutoka 5 mupaka 7, BKN; zote 8, OVC. Kisha anatia urefu wa tumbo la mawingu kwa futi. Kati ya mawingu yote, mbili tu njo zinatajwa kwa jina: CB, na TCU, ile shufleri yenye kupanda kwa nguvu.

Hii ni mufano: FZMA 241300Z 09008KT 6000 FEW020CB SCT023 21/17 Q1021. FZMA ni Kavumu. Tarehe 24, saa 13 ya kimataifa, ni kusema saa 15 ya Bukavu. Upepo unatoka mashariki, karibu kilometa 15 kwa saa. Macho yanaona metre 6,000. Mawingu kidogo ya CB, tumbo lao liko futi 2,000, karibu metre 600 juu ya uwanja. Mengine yako futi 2,300. Joto ni digrii 21, umande 17, na namba ya mwisho ni uzito wa hewa.

Ona vizuri: mu mufano huu sehemu kubwa ya anga iko wazi. Mutu wa kando ya pisti anaona jua na anakasirika. Piloti ameona zile herufi mbili, CB, na njia yake inapita pale.

Ku pisti pasipo mashini

Ku pisti nyingi za pori METAR haiko. Mbele ya kuruka, piloti anapiga simu ao anaita ku foni: «Kwenu kuko namna gani?» Mwenye kujibu njo mutazamaji wa meteo, hata kama kazi yake ni muuguzi ao mupimaji wa mizigo. Asijibu tu «kuko muzuri». Aseme mambo haya.

Kwanza, macho yanafika wapi. Siku ya anga safi, muchague alama: kanisa, muti mukubwa, mulima. Mupime umbali kwa kontere ya moto na kuandika mu daftari. Kwa kawaida, piloti mwenye kuruka kwa macho anapashwa kuona kilometa 5 mbele, tena akae mbali na mawingu, metre 1,500 kwa upande na metre 300 juu ao chini.

Pili, tumbo la mawingu. Kama mulima wa karibu umepoteza kichwa chake, mawingu yako chini ya kile kichwa. Sema hivyo: «Sione kichwa cha mulima.» Piloti ataelewa kupita ukimutajia metre za kukisia.

Tatu, kiasi. Gawanya anga kwa 8, uhesabu sawa watazamaji wa viwanja vikubwa. Taja upande wenye mawingu yanapanda.

Ine, radi. Ukiona mwangaza wake, hesabu sekunde mupaka ngurumo. Kila sekunde 3 ni karibu kilometa 1. Sekunde 15, radi iko kilometa 5. Sema pia kama inakuja ao inaenda.

Tano, upepo na pisti. Kama mufuko wa upepo hauko, tazama moshi wa jikoni. Upepo wa baridi ukifika ghafula na harufu ya mvua, ile hewa ya sebe imeisha kufika, hata kama mvua iko bado kilometa 10. Na kama usiku ulinyesha, tembea mu pisti kwa miguu: ku matope breki hazishike.

Mwisho, taja saa yenye ulitazama. Meteo ya saa moja ya asubui haina kazi tena ku saa ine.

Musimusukume piloti

Wachimbaji wanaelewa jambo hili kupita watu wengine. Nyuma ya mvua kubwa, mutu mwenye akili haingie mu shimo mupaka mwenye kupanga miti atazame kuta na maji. Hata kama shimo lina mali, hata kama PDG anapiga makelele. Piloti naye anatazama kuta za shimo lake; tofauti ni kwamba ziko juu.

Jaribu kubwa ni mugonjwa. Mama ana uchungu wa kuzaa, damu inatoka, na mutu wa foni anajua kwamba akisema «radi iko» ndeke haitakuja. Anasema «mawingu kidogo tu». Tunamuelewa. Lakini ndeke ikipiga mulima, mama hatafika ku hospitali, na watu wengine watakufa naye. Mwambie piloti ukweli, kisha mwambie pia kwamba mugonjwa anangoja. Atatafuta nafasi ya kwanza yenye kufunguka. Na akifika juu yenu akarudi bila kushuka, musimutukane. Kurudi ni sehemu ya kazi yake.

Ku kila pisti ya mina, wakubwa wa muji wanaweza kuchagua watu wawili, kuwapa saa, daftari na simu yenye unite, na kupatana mbele ya wote kwamba hakuna patron wala negosian atakayewaamuru cha kusema. Bei ya ile yote haifike bei ya mufuko mumoja wa kasiterite. Mufuko unaweza kulala ku depo mupaka kesho asubui.