Mbunge Fulani na daftari la Bunge

Kuna mbunge asiye na jimbo, hajawahi kugombea, na hata chama chake hakijulikani, lakini miaka nenda miaka rudi anazungumza Dodoma. Jina lake ni Mbunge Fulani. Utamkuta kwenye Hansard, kumbukumbu rasmi ya mijadala ya Bunge, katikati ya hotuba ya mwenzake, akidakia neno moja: "Taarifa!" Kisha anatoweka. Siku ukumbi ukichemka huja na ndugu zake, Wabunge Fulani, wote kwa sauti moja.

Fulani ni mheshimiwa yeyote aliyepaza sauti bila kuwashiwa kipaza sauti, na mwandishi asimtambue. Angeweza kubahatisha, hasa kama sauti anaijua. Habahatishi, na kwa hilo tu kitabu hiki kimenipa imani kuliko vingi vinavyojiita kumbukumbu.

Ukurasa wa kwanza una kichwa kikubwa, MAJADILIANO YA BUNGE, kisha mkutano wa ngapi, kikao cha ngapi na tarehe. Inafuata dua, hati zinazowekwa mezani, halafu maswali na majibu. Mimi huanza na mabano. Waheshimiwa wakipiga meza kwa viganja, Hansard huandika "(Makofi)". Wakicheka, "(Kicheko)". Wakifanya vyote kwa pamoja, huwekewa mkwaju katikati: "(Makofi/Kicheko)". Pitisha jicho kwenye mabano ya hotuba ndefu ya bajeti, utajua mahali ukumbi ulipoamka. Mara nyingi si kwenye takwimu.

Jina Hansard lenyewe ni la mchapaji wa London, na historia yake haikuanza kwa uaminifu huo. Zamani Bunge la Uingereza lilihesabu kuwa ni kosa kuchapisha yaliyosemwa ndani. Mwanzoni mwa miaka ya 1740, Samuel Johnson aliliandikia jarida moja mijadala hiyo kwa kujifanya ni ya nchi ya kubuni, Lilliput, na hotuba nyingi alizitunga mezani kwake kutokana na vijihabari alivyoletewa. Mwanzoni mwa karne ya 19, William Cobbett akaanza kuchapisha mijadala kwa utaratibu. Madeni yakamzidi, na mwaka 1812 akamwachia kazi hiyo mchapaji wake, Thomas Curson Hansard. Bunge lenyewe lilikuja kuajiri waandishi wake mwaka 1909.

Kwetu Hansard ilikuja na ukoloni. Baraza la Kutunga Sheria la Tanganyika, Legco, lilianza mwaka 1926 bila Mwafrika hata mmoja. Wawili wa kwanza, Chifu Kidaha Makwaia na Chifu Abdiel Shangali, waliingia mwaka 1945. Lugha ilikuwa Kiingereza, na asiyekijua hakuwa na la kusema wala la kusoma.

Katika baraza hilo, tarehe 22 Oktoba 1959, Nyerere alisimama akasema kwamba watu wa Tanganyika wangependa kuwasha mwanga juu ya Mlima Kilimanjaro, umulike nje ya mipaka. Kwa Kiingereza alichosema ni mshumaa. Kiswahili kikaukuza, ukawa Mwenge, na usiku wa Uhuru wa 1961 Luteni Alexander Nyirenda akaupandisha kileleni. Kwa hiyo Mwenge tunaoukimbiza kila mwaka una ukurasa wake kwenye Hansard, na kwenye ukurasa huo bado ni mshumaa.

Leo Hansard ya Dodoma ni Kiswahili tupu, ukiacha vipande vya Kiingereza ambavyo waheshimiwa huvichomeka wakitaka kusikika wasomi. Kule Nairobi lugha mbili hukaa ukurasa mmoja. Mzee Kenyatta alipotangaza Kiswahili ndani ya Bunge mwezi Julai 1974, waliokuwa mabingwa wa kusema kwa Kiingereza walipata taabu.

Hansard si kinasa sauti. Marudio na vigugumizi huondolewa, ulimi ulioteleza husahihishwa, lakini maana haiguswi. Lugha ya matusi ina njia yake: kiti, yaani Spika au anayeongoza kikao, humtaka mheshimiwa afute kauli. Anaposema "nafuta", kauli imefutwa kikanuni, lakini mara nyingi inabaki pale pale ukurasani, na amri ya kuifuta chini yake. Mara chache kiti huagiza maneno yaondolewe kabisa kwenye kumbukumbu. Hapo mimi husita. Msomaji wa miaka hamsini ijayo atajuaje Bunge lilikasirikia nini?

Januari 2016, Serikali ilipotangaza kuwa televisheni ya taifa haitarusha tena vikao vyote moja kwa moja, mjadala ulikuwa wa picha na gharama. Hansard haikutajwa sana, na sishangai. Ni kavu na ni ndefu. Lakini ina kazi ambayo video haiwezi: ni kama daftari la mangi dukani. Aliyekopa anasahau, daftari halisahau. Soma majibu ya Serikali kuhusu barabara, kisima au zahanati: fedha zitatengwa "kadiri zitakavyopatikana", "upembuzi yakinifu unaendelea", "mchakato uko hatua za mwisho". Ukilisikia jibu hilo mara moja, linaridhisha. Likiwa limeandikwa, na chini yake lile la mwaka mwingine, linakuwa deni.

Hansard zipo kwenye tovuti ya Bunge, bure. Pakua ya kikao ambacho wizara unayoitaka ilijibu maswali, tafuta humo jina la jimbo lako, kisha tafuta Hansard ya mwaka uliotangulia. Ukikuta majibu yanafanana, chapisha kurasa zote mbili, uende nazo siku mbunge wako atakapofanya mkutano wa hadhara.