Siku tuliposikia Mario vizuri



Nani kati yetu hapa Kabambare hajui Mario? Franco Luambo Makiadi na orkesta yake TPOK Jazz walitoa wimbo huo mwaka 1985, pamoja na sauti ya Madilu System. Ni malalamiko ya mwanamke mwenye mali juu ya kijana aliyesoma, lakini anakaa bure na kula jasho la mama huyo. Hata sisi ambao Lingala yetu ni ya kuokotaokota, maana yake tunaipata.

Ila tulizoea kuusikia kwenye simu, gita zikilia kama makopo. Tulisema: ni wimbo wa zamani, ndivyo ulivyo.

Juma lililopita, tulipomaliza kuhesabu akiba, mwalimu mwenzetu aliyetoka Kasongo alileta nakala nyingine, akaifungulia kwenye bafle kubwa. Tulinyamaza. Besi ilitembea taratibu chini ya wimbo. Gita nyembamba zilijibizana, kila moja na mahali pake. Franco alipoanza kusema, ilikuwa kama ameketi nasi mkekani.

Ndipo mama mmoja akafunika uso kwa kitenge, akalia. Tulimwacha kwanza. Baadaye alituambia: marehemu mume wake, kila jioni alipotoka kwenye machimbo ya dhahabu, aliimba ile besi kwa mdomo, wala si maneno. Tangu afariki, mama alitafuta besi ile kwenye simu, hakuipata. Alianza kufikiri mume wake aliibuni mwenyewe. Kumbe ilikuwamo. Mama huyo, ambaye miezi mingi hakusema neno katika mkutano, siku ile alituhadithia mpaka jua likashuka.

Kwa nini simu iliificha? Spika ya simu ni ndogo mno, haiwezi kutoa besi vizuri. Kuna jambo lingine pia juu ya uzuri wa sauti: ili nyimbo nyingi ziingie kwenye memori, faili kama MP3 hutupa sehemu ya sauti. Sauti ya CD hubeba biti 1,411,000 hivi kwa sekunde. MP3 nyingi hubeba 128,000 tu. Aina nyingine, kama FLAC, hupunguza ukubwa bila kutupa kitu.

Wamama, fikirieni kitenge. Ukikikunja, kinaingia sandukuni. Ukikifungua, kiko kizima. Ukikikata kwa mkasi, kinaingia pia, lakini kipande kilichotupwa hakirudi. Kwa hiyo wimbo uliokatwa hautengenezwi tena kwa kuubadilisha jina. Tafuteni nakala nzima. Itachukua nafasi kubwa, basi futeni tano msizozisikiliza. Na msipandishe sauti mpaka masikio ya watoto yaumie: uzuri si kelele.

Mwezi wa 12 mwaka 2021, UNESCO iliandika rumba ya Kongo kati ya urithi wa binadamu wote. Ni mali yetu. Tusiwarithishe watoto makombo.

Siku ile vijana wetu walisikiliza pia. Mmoja aliuliza: “Mama, huyo Mario alikuwa na diploma, kwa nini hakufanya kazi?” Tulicheka, kisha tukazungumza naye kwa kirefu. Jioni moja, fanyeni hivyo nyumbani: zimeni mengine yote, sikilizeni wimbo mmoja pamoja, halafu mwulizeni kila mtu amesikia nini.