Masisi na Walikale: Andaki, gereza lisilo na tarehe ya kutoka

Ni shimo tu. Limechimbwa karibu na kambi ya wapiganaji, juu yake wamepanga miti, na mwenye kushushwa ndani anapoteza haraka hesabu ya siku. Wakaaji wa Masisi na Walikale wanaliita andaki. Wengi wanaliogopa kuliko gereza la serikali, kwani huku hakuna hakimu wala tarehe ya kutoka.

Kosa lenyewe linaweza kuwa kukosa karatasi. Wakati kundi la NDC-Rénové la Guidon Shimiray Mwissa lilitawala kutoka Pinga, Walikale, hadi sehemu kubwa ya Masisi, kila mtu mzima alipaswa kununua jetoni ya franka 1.000 kila mwezi. Makuta hayo hayakufika hata dola moja. Lakini ni kila mwezi, na ni kila mtu mzima wa nyumba. Kwenye bariere, asiyekuwa na jetoni alipigwa, alilipishwa amande ao alifungwa. Wachunguzi wa Umoja wa Mataifa na shirika la Human Rights Watch waliandika juu ya mateso hayo.

Andaki linafunga watu wengi kuliko wale walio ndani. Mmoja akishushwa, mke anauza mbuzi, ndugu wanakopa, jirani anajiuliza ni nani aliyepeleka jina. Kijiji kinajifunza kusema kidogo. Na yule anayetoka anaweza kukutana sokoni na kijana aliyemlinda kule shimoni. Atafanya nini? Atamsalimia.

Ndiyo maana kusimama mbele ya mahakama si jambo dogo. Ntabo Ntaberi Sheka, aliyekuwa mkubwa wa Guidon kabla hawajaachana, alijisalimisha kwa MONUSCO Julai 2017. Raia wa Walikale walitoa ushahidi juu yake, na Novemba 2020 mahakama ya kijeshi ya Goma ilimhukumu kifungo cha maisha.

Guidon naye aliwekewa vikwazo na Umoja wa Mataifa Februari 2018, na Juni 2019 sheria ya kijeshi ya Kongo ikatoa hati ya kumkamata. Julai 2020 kundi lake likagawanyika. Kisha vikaja vita vya M23, na waliokuwa wakimlipa jetoni wakamwona tena, safari hii kati ya wakuu wa Wazalendo, upande mmoja na jeshi la serikali.