Nani Aliyeikata Filamu Hii?

Filamu za mapigano zina wapenzi wengi Buyenzi, mtaa wa Bujumbura. Steringi anajulikana kwa jina, na msimuliaji anayewaelezea watazamaji filamu ikiendelea anajulikana kwa sauti. Mhariri, yule aliyekaa usiku kucha akikata picha na kuziunganisha, haulizwi na mtu. Nadhani tunamdhulumu, maana mara nyingi utamu wote umetoka mikononi mwake.

Tazameni mwanzo wa Cidade de Deus, filamu ya Brazil ya mwaka 2002 kuhusu vijana wa mtaa maskini wa Rio de Janeiro. Kisu kinanolewa. Giza. Kisu tena. Muziki umepamba moto, na kuku aliyefungwa mguu anawatazama wenzake wakichinjwa. Kila picha inaondoka kabla jicho halijashiba. Kuku anapochomoka na kutimua mbio, moyo wa mtazamaji nao unakimbia. Picha hizo hizo zingepangwa polepole, tungeona watu wanapika, basi. Aliyezipanga ni Daniel Rezende. Kazi hiyo ilimpa tuzo ya BAFTA na kumwingiza kwenye orodha ya wanaowania Oscar mwaka 2004. Baadaye alihariri Tropa de Elite, ambayo mwaka 2007 Wabrazili wengi waliiona kwa DVD za magendo kabla haijafika kwenye majumba ya sinema. Mwaka 2017 akatoa Bingo, safari hii yeye mwenyewe akiwa mwongozaji.

Rezende alikuwa na studio. Isaac Nabwana wa Wakaliga, Kampala, aliyewahi kufyatua matofali, alikuwa na kompyuta aliyoiunga mwenyewe kwa vipuri vya zamani, vumbi likiingia na umeme ukikatika. Mwaka 2010 alitoa Who Killed Captain Alex?, filamu ya makomando na wahalifu ambayo gharama yake inasemwa haikufika dola 200. Aliiandika, akaiongoza, akaipiga na kuihariri. Bunduki zilitengenezwa kwa vyuma chakavu, helikopta zinazoshambulia Kampala zikatengenezwa ndani ya kompyuta ile ile. Ukiiangalia vizuri utaona jinsi mkato unavyosaidia: teke linarushwa, picha inakatwa, adui yuko chini. Umeamini limempata, kwa sababu hukupewa nafasi ya kuona kwamba halikumgusa.

Kisha likatokea jambo ambalo kila nikilifikiria linaniuma. Diski ilijaa. Ili apate nafasi ya filamu iliyofuata, Nabwana alilazimika kufuta mafaili ya ile ya kwanza. Nakala iliyosalia ni ya DVD, ikiwa na sauti ya msimuliaji VJ Emmie akisimulia na kushangilia juu yake. Ndiyo iliyozunguka dunia, na Emmie anastahili sifa zake. Lakini filamu kama ilivyotoka mikononi mwa mhariri haipo tena, na kilichoiua ni uhaba wa nafasi kwenye diski.

Hapa kwetu Burundi nako tulianza filamu mapema: Gito l'ingrat ya Léonce Ngabo, filamu yetu ndefu ya kwanza, ilitoka mwaka 1992 kwa ushirikiano na Uswisi na Ufaransa. Tangu 2009 tuna tamasha la filamu la FESTICAB. Ila shule kubwa ya uhariri mtaani, kwa maoni yangu, ni video za harusi. Kijana anayepunguza saa sita za sherehe ziwe saa moja, bila shangazi yeyote kulalamika kwamba ameachwa, na ngoma isikatike katikati ya pigo, huyo ameshajua nusu ya kazi.

Vijana hao nawaomba wahifadhi picha za asili kwenye diski mbili, zikae nyumba mbili tofauti, na gharama ya diski ya pili waiingize kwenye bei tangu siku ya mapatano. Wasimuliaji nao wana kipaza sauti na watu wanawasikiliza. Majina yanapoanza kupanda mwishoni, wasizime mashine. Wamtafute mhariri humo, wamtaje kwa sauti ile ile wanayomtajia steringi.